Pete ya Ngozi Mbichi

Jifinyeni kidogo nyuma ya kiganja, wakubwa kwa watoto, kila mtu na mkono wake. Wewe wa huko nyuma, nimesema ujifinye mwenyewe, siyo jirani yako. Basi hiyo ngozi mliyoishika ndiyo habari yetu ya leo. Tena siyo yote, ni lile tabaka la juu kabisa tu, jembamba kuliko karatasi, ambalo hatulikumbuki mpaka litutoke. Nikimaliza mtabaki na kesi ya kuamua, na msinitazame mimi, kwa sababu imenishinda.

Kulikuwa na kijiji kinaitwa Mrikeni, mlimani, ambako migomba inafika hadi mlangoni na mifereji inapita nyuma ya kila nyumba. Hapo waliishi watu watatu, na kila mmoja alijua jambo moja kuliko wote.

Wa kwanza ni Ndetaramo, mwanamke wa makamo ambaye hakujaliwa mtoto. Huyu alijua majani ya mgomba. Harusi ikikaribia na chakula kinataka kufungiwa, aliitwa yeye achague. Alikuwa anapitisha kidole juu ya jani na kusema, "Huku juu pana ngozi ya nta, maji yanateleza, hakuna kinachonata. Huku chini pana vinywa vidogo ambavyo jicho halivioni, ndipo linapopumulia. Mkifungia chakula, kigusane na huku juu." Watu walicheka, lakini chakula chake hakikung'ang'ania jani hata siku moja.

Wa pili ni Eliamani, mwenye kitalu cha miche ya kahawa na parachichi pale bondeni. Huyu alijua kiu. Alikuwa mtu wa taratibu mno, ukimsalimia asubuhi unaweza kuitikiwa ukiwa umeshapita. Wanunuzi walipolalamika kwamba miche yake inanyauka ikihamishwa, alikuwa na jibu moja: "Ngozi ya mzizi ina vinyweleo, na hivyo ndivyo vinavyokunywa. Ukiung'oa mche, vinyweleo vinabaki kwenye udongo. Ukiumwagia ndoo unauzamisha, ukiusahau unakauka. Wewe upe kidogo, subiri, upe tena kidogo, mpaka vingine viote."

Wa tatu ni Foibe, mchuuzi wa parachichi, na huyu alijua uozo. Alipokea mizigo ya watu huku amekunja uso kama askari wa mpakani. Tunda likiwa na mkwaruzo wa kucha tu, analiweka pembeni. "Ganda limefunguka," anasema, "na walioingia siwaoni, lakini nawajua." Ukibisha, anabisha zaidi yako. Hakuwa na marafiki wengi.

Hawa watatu walikutana kwa mwanamke mmoja. Aikaruwa alikuwa wifi yake Ndetaramo, dada yake Eliamani, na jirani yake Foibe. Yeye na jirani huyo walikuwa hawaivi, kwa sababu Foibe aliwahi kumrudishia tenga zima la parachichi mbele ya watu, moja baada ya jingine, akitaja kasoro kwa sauti.

Aikaruwa alikuwa na mtoto mmoja tu, wa kike, anaitwa Haika, wa umri wa kung'oka meno ya mbele.

Ilikuwa msimu wa masika, na Aikaruwa alikuwa anachemsha ndizi mbivu za kupikia mbege, pombe yetu ya ndizi, kwenye chungu kikubwa uani. Mvua ilikuwa imelainisha ardhi. Jiwe moja la jiko likazama upande, chungu kikainama, na Haika alikuwa amechuchumaa hapo hapo akichezea maganda, mgongo ameupa moto. Sitawaeleza alivyolia.

Mama yake alimnyanyua akakimbia naye mferejini, akamkalisha ndani ya maji baridi, naye akakaa humo humo na nguo zake. Alipokuja kumgeuza, akaona ngozi ya mgongo na ya bega la kushoto imejikunja kama utando wa maziwa ukiutoa na kijiko. Chini yake pakawa pekundu na panameremeta, na majimaji yanatoka.

"Barabara!" alimpigia kelele mume wake. "Mpeleke hospitali!"

Lakini barabara haikuwepo. Mlima ulikuwa umeporomoka alfajiri ile, tope na mawe vimeziba njia ya kwenda wilayani, hata zahanati ilikuwa ng'ambo ya pili. Mume akachukua jembe, akawakusanya wanaume, wakaenda kufukua. Hakujua itachukua muda gani, na hakuthubutu kumwambia mkewe hivyo.

Sasa lazima niwaeleze desturi ya Mrikeni, la sivyo hamtaelewa kosa alilolifanya mama huyu. Mtoto akinyakuliwa kutoka mdomoni mwa mauti, anachinjwa mbuzi. Ukanda mmoja mwembamba unakatwa kwenye ngozi ya mguu wa mbele, ungali mbichi, unagawanywa mara mbili. Nusu inafungwa kwenye kidole cha mtoto, nusu kwenye kidole cha aliyemwokoa. Inakaukia hapo na kubana. Kuanzia siku hiyo, mwenye pete ile ni mzazi kama mzazi mwingine. Akimtaka mtoto akae kwake, anakaa. Siku ya kuolewa, yeye anaulizwa kabla ya wote. Na ni mtu mmoja tu, kwa maana wanasema mtoto hana ngozi mbili.

Ndetaramo ndiye aliyefika wa kwanza. Alimkuta Aikaruwa ameshika shuka, anataka kumfunika mtoto kwa sababu anatetemeka.

"Wifi, weka chini hiyo shuka! Itagandamana naye. Utakapoibandua utambandua na nyama."

"Nimfunike na nini basi? Nimfunike na nini, wifi?"

Ndetaramo alishakimbia shambani kwake. Alikata majani ya moyoni, yale ambayo hayajafunguka, yamejiviringisha na bado ni mororo. Mnajua mgomba ukikatwa moyo unakuwaje. Mkungu wa msimu huo unausahau. Yeye alikata mgomba baada ya mgomba. Akayachemsha, akayapoza, akayalaza mgongoni kwa Haika, upande wa nta ukigusa kidonda. Kilio kikapungua. Hewa ilikuwa haipigi tena mahali palipo wazi. Kila mara jani lilipobadilishwa liliteleza lenyewe, halikuondoka na chochote.

Aikaruwa alimfuata jikoni, akamshika mikono yote miwili. "Wifi, mtoto huyu akipona, pete ni yako. Ruwa ananisikia."

Ndetaramo, aliyeomba mtoto kwa Ruwa, yaani Mungu, tangu ujana wake, alianza kulia palepale juu ya sufuria.

Kesho yake mtoto alinyamaza, na kunyamaza kule kulikuwa kubaya. Midomo ilipasuka, macho yakaingia ndani, na alikuwa hajakojoa. Aikaruwa alimpa kikombe cha maji, akatapika chote. Akampa kingine, akatapika. Akaanza kuzunguka chumba akiwa ameshika kichwa.

Eliamani akaingia, mwendo wake ule ule wa taratibu, dada yake akatamani kumpiga. Akamwangalia mtoto, akaangalia jani lilivyolowa kwa chini.

"Dada, maji yanamtoka kwa pale ngozi ilipotoka. Jani linapunguza, haliwezi kuzuia yote. Na wewe unamwagia ndoo."

"Hataki kunywa!"

"Hataki ndoo." Akachanganya maji yaliyochemshwa na sukari na chumvi kidogo, akaonja, akaketi kando ya kitanda na kijiko cha chai. Akatia kijiko kimoja mdomoni kwa mtoto. Akasubiri. Akatia kingine. Alifanya hivyo asubuhi, akafanya hivyo adhuhuri, akafanya hivyo jua lilipozama, na siku iliyofuata, na iliyofuata. Kule bondeni mvua ilijaza kitalu chake, na hakuwepo wa kuchimba njia ya maji. Miche yote ikaoza. Aliletewa habari, akauliza tu kama chumvi bado ipo.

Haika alipokojoa, mjomba wake aliinamisha kichwa juu ya godoro. Aikaruwa akamshika shingoni kwa nyuma, kama walivyokuwa wadogo. "Kaka, umenirudishia. Pete ni yako wewe, nani mwingine?"

Usiniulize kama alisahau alichomwambia wifi yake. Mtu mwenye roho mkononi hakumbuki hata jina lake. Wakati anasema, alimaanisha kwa moyo wote, na alipomwambia wifi pia alimaanisha.

Kisha wakaanza kuja wageni. Mrikeni mgonjwa haachwi peke yake. Kila aliyekuja alitaka kufunua jani aone, kila aliyeona alitaka kugusa, na kila aliyegusa alikuwa na dawa. Mmoja alikuja na samli, mwingine na majivu, mwingine na dawa ya meno ya kupigia mswaki. Inzi nao hawakusubiri kukaribishwa. Pembeni ya kidonda, kwenye ukingo wa bega, pakaanza kutoa harufu.

Foibe alifika mlangoni bila kuitwa. Hakumsalimu Aikaruwa. Alinusa tu.

"Ganda limefunguka," alisema, "na nyinyi mmeweka foleni mlangoni."

Akawatoa wote. Akachemsha vitambaa na vijiko, akatundika chandarua, akasugua sakafu, akaketi kizingitini na ndoo ya maji ya sabuni miguuni pake. Ndetaramo alinawa hadi viwiko kabla ya kushika jani. Eliamani alinawa kabla ya kushika kijiko. Bibi yake Haika, mama mkwe wa nyumba ile, alikuja na samli yake aliyoihifadhi tangu mwaka jana, akasimamishwa.

"Unanizuia mimi? Kwenye nyumba ya mwanangu?"

"Mae, mama yangu, hata ungekuwa malaika ningekuzuia. Nawa, na hiyo samli kapikie wali."

Kijiji kizima kilimnunia. Hakuna aliyemuuzia parachichi msimu ule. Lakini baya kuliko yote lilitokea siku Aikaruwa alipokuwa zizini. Alimsikia Haika analia, "Mama! Mama!" akaja mbio, mikono imejaa samadi. Foibe alisimama akafunga mlango kwa mgongo wake.

"Niachie! Mwanangu ananiita!"

"Nawa kwanza."

"Foibe, nitakuua!"

"Niue, lakini nawa kwanza."

Mtoto analia ndani, mama anasugua kucha nje, na machozi yanadondokea kwenye ndoo. Aikaruwa hakuwahi kumchukia mtu namna ile. Alipoingia alikuta mtoto kaota tu ndoto mbaya. Akapiga magoti kando yake, na akiwa amepiga magoti pua yake ikawa karibu na lile bega, naye akanusa. Harufu haikuwepo.

Alirudi mlangoni. Ilikuwa vigumu kusema, lakini akasema. "Foibe. Wewe siyo ndugu yangu na hunipendi. Lakini huyu akisimama, pete ni yako."

"Hatujafika huko," Foibe alisema, akageuza uso upande wa pili. Masikio yake yalikuwa yamewiva.

Njia ilipofukuliwa, wanaume walimbeba Haika kwa machela hadi hospitali ya wilaya. Daktari alifunua jani la mwisho, akaangalia kwa muda mrefu. Pembeni mwa kidonda palikuwa na ngozi mpya, nyembamba na ya waridi, inatambaa kuja katikati. Akauliza nani alifanya nini, wakamwambia.

"Lile tabaka la juu la ngozi," alisema, "linafunika miisho ya mishipa ya fahamu ili tusiumie na kila upepo. Linazuia maji ya mwili yasitoke. Linazuia vijidudu visiingie. Na hujijenga upya kutoka chini na kutoka pembeni, likipewa nafasi. Huyu hakuwa nalo mgongo mzima. Nyinyi watatu mmekuwa ngozi yake mpaka ilipoanza kuota. Angepungua mmoja wenu, mngeniletea maiti."

Aikaruwa akauliza, "Daktari, lakini kama ungetakiwa kumtaja mmoja?"

"Mama, mimi nilisomea kutibu, sikusomea kugawa."

Hapo ndipo hofu ya kwanza ilipoisha na ya pili ikaanza. Haika alikuwa anapona, anakula, anagombana na wauguzi, na mama yake alikuwa halali vizuri. Kila alipomtazama wifi yake aliona kitanda kidogo alichokwisha kukitandika nyumbani kwake. Kila alipomtazama kaka yake, alijua ukoo wa mume utasema mtoto amehamishiwa upande wa mama. Na Foibe alikuwa ameacha kubishana na watu. Alikuwa anasubiri kimya, na hilo lilimtisha Aikaruwa zaidi. Alifikiri kuahirisha. Mama mkwe akasema mbuzi ameshanunuliwa.

Siku ikafika. Uani palijaa watu. Mbuzi akachinjwa, na mama mkwe mwenyewe akakata ukanda kwenye mguu wa mbele, akaugawa. Nusu akamfunga Haika kidole cha kati, Haika akacheka kwa sababu ulikuwa wa moto na unateleza. Nusu ya pili akamkabidhi Aikaruwa. Kisha akapaza sauti:

"Mwenye pete asimame!"

Wakasimama watatu.

Waliangaliana. Ndetaramo alifikiri Eliamani amesimama kumshangilia. Eliamani alifikiri hivyo hivyo juu yake. Foibe ndiye aliyeelewa kwanza, akamtazama Aikaruwa, na Aikaruwa akatazama chini.

"Uliniahidi, wifi," alisema Ndetaramo polepole. "Juu ya sufuria. Mgomba wangu hata mmoja haujazaa mwaka huu, na sijalalamika. Bila jani, kila mara mngebadilisha kitambaa mngeng'oa kile kilichoota. Angekufa kwa maumivu kabla ya kufa kwa kidonda."

"Uliniahidi, dada," alisema Eliamani. "Ulinishika shingoni. Jani lilifunika, sikatai. Lakini lilikuwa linafunika mtoto anayekauka. Ningechelewa nusu siku, shemeji na majani yake angekuwa anapamba maiti."

"Sikukuomba," alisema Foibe. "Wewe ulinijia mlangoni. Mtoto aliyefunikwa na mwenye maji, akioza anakufa vile vile. Hawa wawili wana damu naye, watamwona siku zote, pete au bila pete. Mimi nisipoivaa, kesho ni jirani tu ambaye hata salamu hamnipi."

Watu wakaanza kunong'ona, kisha kubishana. Mmoja akasema ukanda ukatwe vipande vitatu. Mama mkwe akauinua wote waone: ukiukata, hauzunguki kidole. Mwingine akasema wachinjwe mbuzi wengine wawili. "Na mtoto tumkate mara ngapi?" akauliza mama mkwe. Baba yake Haika akafungua mdomo kukumbusha nani alifukua barabara, akaona macho ya mkewe, akaufunga.

"Funga, mwanangu," mama mkwe akamwambia Aikaruwa kwa sauti ya chini. "Ikikauka haifungiki. Na pete iliyofungwa kavu huanguka, na ikianguka tutaanza kumwogopea mtoto upya."

Jua lilikuwa limetoka baada ya wiki za mvua, jua kali la adhuhuri. Aikaruwa aliusikia ukanda ukianza kukakamaa ncha moja, pale ulipogusana na kidole gumba chake. Akaulowesha kwa mate, ukalainika kidogo. Mbele yake palikuwa na mikono mitatu imenyooshwa: mmoja una madoa ya utomvu wa mgomba yasiyotoka, mmoja una kucha zilizojaa udongo, na mmoja umechubuka kwa sabuni mpaka viungo vya vidole vimepasuka. Alitaka kuibusu yote mitatu, na alitaka kukimbia. Alijua kwamba akisogea hatua moja kwa yeyote, wawili watashusha mikono yao, na atakuwa amewadanganya watu waliompa mtoto.

"Mama," Haika alimvuta kanga, "wangu umeshaanza kubana."

Na ule wa mkononi mwa mama pia ulikuwa unakauka.

Basi ndugu zangu, mimi nimewafikisha uani, nimewaweka mahali alipo Aikaruwa, na jua ni lile lile. Mikono mitatu iko mbele yako, ahadi zote tatu ni zako, na ukanda hauna muda. Sema haraka, na useme kwa nini: wewe ungemvika nani?